Mfalme Aliyekataa Kuinuka

Tulimwacha Mfalme Neduvel chali katikati ya uwanja wa Melputhur, bilauri ya chuma imemponyoka mkononi, taji la mbao limebiringika kando ya kichwa. Thenmozhi, mwenye filamu, alikuwa ameshasema "kata" mara tatu. Mfalme hakutikisika.

Basi nyinyi mliomlilia wiki nzima, futeni machozi. Thenmozhi alipiga magoti, akatega sikio juu ya kifua cha mzee Vedachalam, palipokuwa na vioo vidogo vya vazi la kifalme. Moyo ulikuwa unadunda vizuri kabisa.

"Binti," kilisema kile kifua, "kichwa chako kizito."

Thenmozhi alirudi nyuma akakaa vumbini.

"Babu, kumbe uko hai."

"Nimekufa," alisema Vedachalam bila kufumbua macho. "Umeniua mwenyewe saa nne asubuhi hii, na hicho kisanduku chako cha picha kimeona. Haya, niinue."

Hapo ndipo Thenmozhi alipoanza kutokwa na jasho la pili, lile lisilotokana na jua.

Alijua mzee anataka nini. Katika kundi lao la maigizo, anayekufa mbele ya watu huinuliwa mbele ya watu walewale. Huletwa sinia lenye maji yaliyotiwa bizari ya manjano na chokaa, yakawa mekundu kama damu, kafuri huwashwa, na wimbo wa kuinua huimbwa. Mfu huamka, hukunja mikono, huwabariki watazamaji, ndipo anaruhusiwa kuosha rangi usoni. Vedachalam alikuwa amekufa kama Neduvel tangu akiwa kijana asiye na ndevu, na hakuna hata siku moja aliyorudi nyumbani akiwa bado mfu.

Na wimbo wenyewe haukuwa wa kila mtu. Tamthilia ya mfalme huyu, Maziwa ya Mgeni, ilitungwa na babu wa babu yake Thenmozhi, na imechezwa katika vijiji vile kwa zaidi ya miaka mia. Ni ya mfalme aliyeapa kwamba hatakataa kitu chochote atakachopewa na mgeni. Ndugu yake wa tumbo moja akaja kama mgeni, na maziwa yenye sumu. Mfalme akajua. Akanywa. Wimbo wa kumwinua huimbwa na mtu wa nyumba ya mtunzi tu. Tangu babu yake Thenmozhi alipofariki, miaka kumi na mitatu iliyopita, hakuna aliyeuimba, na mchezo ukawekwa kabatini pamoja na mataji yake.

Thenmozhi aliutoa kabatini kwa sababu zake. Filamu yake ilikuwa ya dakika kumi na mbili, bila neno hata moja. Mfalme wa zamani, na rangi zake na taji lake, anatembea Melputhur ya leo. Anapanga foleni ya mchele, anachota maji kwenye bomba la mkono, anakunywa maziwa kwa bilauri ya chuma, anaanguka. Kisha giza. Hakuna sinia, hakuna kafuri, hakuna wimbo. Mwalimu wake wa filamu kule Chennai alisema giza lile ndilo lililompatia nafasi kwenye maonyesho ya Jumapili.

Na Jumapili ilikuwa keshokutwa. Asipofika na filamu iliyokamilika, nafasi anapewa mwingine, naye anarudi kusomea mtihani wa benki, ule ambao baba yake anaamini mpaka leo kwamba anausomea.

Kilichobaki ni kipande kimoja tu. Cha mwanzo.

Nasema hivyo hivyo, cha mwanzo. Watu wa filamu hawapigi picha kwa kufuata mpangilio wa hadithi. Mfalme alitakiwa kuingia kijijini kwa kushuka kwenye basi la Cheyyar, na basi hilo hufika Melputhur saa kumi na nusu jioni, mara moja tu kwa siku. Kwa hiyo Thenmozhi alimuua mfalme asubuhi ili aje aingie jioni. Kwake lilikuwa jambo la kawaida kabisa. Hakumwambia mzee, kwa sababu hakudhani kuna la kuambiwa.

"Aingie nani?" aliuliza Vedachalam pale chini. "Mfu? Na taji?"

"Babu, ni kuigiza tu."

"Ndiyo. Na mimi nimeigiza kufa. Anayeigiza kufa anaigiza kuinuka. Umenikata katikati."

Dillibabu alikuwa amekaa kwenye baraza, ameweka miguu juu ya sanduku la lenzi. Huyu alikuja pamoja na kamera. Kule Chennai kamera ya kukodi haitembei peke yake, hutembea na mtu wa kulala ubavuni mwake, na mtu wa kamera hii alikuwa yeye. Saa kumi na moja, basi likigeuza, Dillibabu alitakiwa awe ndani yake na sanduku mapajani.

"Madamu," alisema, "mimi nimefanya filamu arobaini. Wafu wote niliowaona, ukishasema kata, wanaomba chai. Huyu wa kwenu wa aina yake."

Walijaribu kumbeba. Thenmozhi alishika mabega, Dillibabu alishika mguu wa kulia, na Ezhumalai, mpiga ngoma na mchekeshaji wa kundi, alishika wa kushoto. Vedachalam akajilegeza mwili mzima, akawa mzito kama gunia lililoloa.

"Mfu hubebwa na watu wanne," aliwaeleza kwa upole. "Nyinyi watatu. Tafuteni mwingine, na mnipeleke kabisa kwenye kuni za kuchomea maiti."

Wakamrudisha chini.

Ilipofika saa tano, habari zilikuwa zimezunguka kijiji kizima. Kinamama waliokuwa wakitoka kisimani walipita makusudi uwanjani, wakasimama kwa heshima na ndoo zao, wakauliza mazishi ni saa ngapi. Kuku wa jirani alipanda juu ya tumbo la mfalme, akazunguka, akaona panafaa, akakaa. Kunguru naye akatua karibu na taji. Ezhumalai akakunja mikono mbele ya kunguru na kumsalimu, akasema wazee wa ukoo wameshafika kumpokea marehemu, wapewe wali haraka.

Mfalme alitikisika kidogo tumboni. Kuku akaruka. Lakini macho yalibaki yamefumbwa.

Ndipo alipotoka Alamelu.

Mke wa Vedachalam alikuwa mwanamke mfupi, na sauti yake haikujua kwamba ni mfupi. Alisimama miguuni pa mumewe, mikono kiunoni, ua la asumini limechomekwa kwenye nywele mbichi zilizotoka kuoshwa.

"Wewe mzee," alisema. "Leo Ijumaa. Jioni natakiwa niwashe taa. Niiwashe nikiwa mke au nikiwa mjane? Niambie mapema, mjane havai ua, nilivue hili."

Vedachalam alifikiri. "Livue nusu," alisema.

Wale wa kisimani walicheka mpaka maji yakamwagika kwenye ndoo. Alamelu hakucheka. Alimgeukia Thenmozhi, na Thenmozhi akatamani ardhi ipasuke. Alimuuliza, bila kupandisha sauti, na hilo ndilo lililokuwa baya, kama huko Chennai wanasomesha watoto kuua watu na kuwaacha juani. Kisha akaingia jikoni. Baadaye kidogo walimsikia nyuma ya nyumba akiongea na simu kwa sauti ya chini. Alamelu kwa sauti ya chini, jambo ambalo Melputhur haikuwahi kulisikia. Thenmozhi alidhani anamlalamikia binti yake aliyeolewa Vellore.

Shikeni hiyo simu. Tutairudia.

Ezhumalai, ambaye kazi yake ya miaka yote ni kumtoa mfalme kwenye shida za jukwaani, alikuja na hila. Alikwenda jikoni, akarudi na bilauri ya mtindi uliochanganywa na maji, chumvi, na majani ya kunukiza mchuzi, baridi mpaka chuma kinatoka jasho. Akachuchumaa karibu na sikio la mfalme.

"Ee Neduvel," alisema kwa sauti ya jukwaani, "mimi ni mgeni. Nimetoka mbali na kitu hiki mkononi. Umeapa hukatai cha mgeni. Inuka unywe."

Watu wote walisogea karibu. Hata Dillibabu alishusha miguu. Kiapo ni kiapo, na hila ilikuwa nzuri. Midomo ya mzee ilikauka tangu asubuhi, na ulimi ulionekana ukipita juu yake mara moja.

"Nilikunywa," alisema Vedachalam. "Ndiyo maana nimekufa."

Ezhumalai alitazama bilauri, akamtazama mfalme, akainywa yote mwenyewe.

Saa saba mtu wa ngoma alikuja na wazo jingine. Yeye mwenyewe avae taji, apakwe rangi nyekundu na kijani, ashuke kwenye basi. Usoni rangi ni ileile, nani atamjua? Thenmozhi, ambaye sasa alikuwa tayari kwa lolote, alianza kufungua kopo la rangi. Sauti ikatoka chini kumkumbusha kwamba mfalme atakayeshuka kwenye basi ana kitambi, na mfalme atakayekufa dakika kumi baadaye hana, na watu watasema si sumu, ni kuhara. Dillibabu alicheka hadi akakohoa. Thenmozhi alifunga kopo.

Akakaa chini kwenye kivuli cha ukuta, karibu na kichwa cha mzee, akajifunika uso kwa mikono. Wengine walikwenda kula. Walibaki wawili, mfu na aliyemuua.

"Babu," alisema baada ya muda, "kwani ukiinuka tu kimyakimya, unywe maji, upumzike, nani atajua?"

 Mzee alipojibu, sauti yake haikuwa ya mfalme.

"Jukwaani nilikufa, nikainuka, watu wakaona vyote viwili, wakaenda kulala. Hiki kisanduku chako kimeona kimoja tu. Mjukuu wangu akikifungua mwaka kesho, nimelala. Mimi nikishaondoka kweli, akikifungua tena, bado nimelala. Hapatakuwa na mahali hata pamoja nilipoinuka. Wewe ungependa?"

Thenmozhi akasema kweli.

"Wimbo ule ni uongo."

"Uongo vipi?"

"Nilimwimbia babu yangu."

Na hapa, msomaji, inabidi tusimame kidogo, kwa sababu hilo ndilo jambo ambalo Thenmozhi hajawahi kumwambia mtu Chennai, wala mwalimu wake aliyelisifu lile giza.

Alikuwa na umri wa miaka tisa. Babu yake alikuwa amelazwa juu ya mkeka katika uwanja huuhuu, maua shingoni, na watu wamejaa. Mtoto alikuwa amemwona babu, aliyepokezana nafasi ya Neduvel na Vedachalam, akifa jukwaani kila msimu wa kiangazi, na kila mara aliinuka. Alingoja. Alipoona hakuna anayeimba, alisogea mbele, akasimama miguuni pa mkeka, akauimba wimbo wa kuinua wote, ubeti kwa ubeti, kwa sauti yake yote. Babu hakuinuka. Mtu mmoja nyuma alicheka. Kisha wakacheka wengine, wale wanaocheka kwa sababu hawajui wafanye nini na nyuso zao.

Baba yake, Kumaresan, alimbeba, akapita naye katikati ya watu. Mlangoni aligeuka, akaapa mbele yao wote kwamba hatakanyaga tena uwanja ule mpaka mfu ainuke. Akahamia Chennai, akaanza kuendesha bajaji, jeki ikamponda kidole gumba kikapinda milele, na jina la Melputhur halikutajwa tena ndani ya nyumba. Thenmozhi naye hakuimba tena, hata bafuni.

"Nilikuwepo," alisema Vedachalam. "Nilikuwa nimeshika mkeka upande wa kichwa."

"Basi uliona. Niliimba na hakuinuka."

"Niliona. Mwanangu, ule wimbo ni wa watu wanaocheza kufa. Hiyo ndiyo kazi yake yote, hauna nyingine. Babu yako siku ile hakuwa anacheza." Kisha akaongeza, "Mimi leo nacheza. Na mgongo unaniuma."

Thenmozhi alicheka bila kutaka, na kicheko kikatoka na machozi, akayafuta kwa mkono wenye rangi, akabaki na mstari mwekundu shavuni.

Ilikuwa saa tisa na robo.

Aliinuka, akajipangusa suruali, akamwita Dillibabu. Akamwomba ashike kamera, kwa kuwa yeye mwenyewe atakuwa mbele yake. Dillibabu alikunja uso. Kazi yake ni kulinda, alisema, si kupiga. Akipiga, chama cha wapigapicha kitamkalia kooni. Ataiweka kwenye stendi ukingoni mwa uwanja, atabonyeza kitufe, atakwenda kumalizia wali wake wa ukwaju, na kisanduku kitatazama chenyewe. Ndivyo ilivyokuwa. Alibonyeza, taa nyekundu ikawaka, akaenda zake nyuma ya bomba.

Alamelu alileta sinia. Maji ya bizari na chokaa, kafuri juu ya jani la tambuu. Ajabu ni kwamba hakugomba. Alikuwa na uso wa mtu anayesikiliza kitu barabarani. Ezhumalai alijifunga ngoma shingoni na kuinamisha kichwa.

Thenmozhi alisimama miguuni pa mfalme, uso kwa kamera.  Alijaribu kutazama lile jicho la kioo akaona haiwezekani, akatazama wale kinamama wa ndoo waliokuwa wamerudi wote na ndugu zao, akaona ni vibaya zaidi. Akafumba macho. Akiwa ameyafumba vizuri, kama anayeruka kisimani, akaanza.

*Inuka mwenye mlango, mgeni amekwenda zake,*
*maziwa yamemwagika, na taa bado yawaka.*

Sauti ilitoka nyembamba, ikakwama, akairudia. Ngoma ya Ezhumalai ilikuja chini yake kama mkono unaomshika mtoto anayejifunza kutembea. Ubeti wa pili ulikuwa mzuri zaidi. Wa tatu hakuusikia tena kama wake. Ngoma ilipanda, ikafunika kila kitu, kinamama wakaanza kuitikia, na kama kulikuwa na mlio mwingine wowote kule barabarani, haukuweza kumfikia.

Alisikia sinia likigonga kitu, kana kwamba Alamelu amejikwaa. Hakufumbua macho. Aliendelea hadi mwisho, hadi pale mfalme anapoitwa kwa jina mara tatu.

"Neduvel. Neduvel. Neduvel."

Na mfalme akavuta pumzi, ile ndefu ya jukwaani ambayo watu wa kiti cha nyuma kabisa huisikia. Thenmozhi aligeuka kwanza, ndipo akafumbua macho. Vedachalam alikuwa ameketi, ameshajirudishia taji kichwani, mikono imekunjwa kifuani. Alikuwa anatazama mbele, juu ya bega la Thenmozhi, na rangi nyekundu ya mashavu yake ilikuwa inateleza kwa machozi hadi kwenye ndevu.

Thenmozhi alidhani analilia wimbo. Naye akalia. Alipoigeukia tena kamera, ilikuwa juu ya stendi yake, taa nyekundu inawaka, hakuna mtu.

"Sasa nipeni mtindi," alisema mfalme, "na safari hii asinywe Ezhumalai."

Mambo yakawa ya kukimbia. Alamelu alimpaka mzee rangi upya huku akimtukana kwa furaha, ua lake liko kichwani lote zima. Saa kumi na nusu basi la Cheyyar lilikata kona na vumbi lake. Ezhumalai alilisimamisha kwa kulala barabarani, dereva, ambaye habari zilikuwa zimemfikia mpaka Cheyyar, akatoa kichwa akauliza kama na huyu naye amekufa, na mfalme akapandishwa kwa mlango wa nyuma ili ashuke kwa mlango wa mbele. Abiria walimpisha bila kuambiwa. Mama mmoja mwenye mbuzi alimkunjia mikono. Neduvel alishuka ngazi tatu za basi, akasimama, akakitazama kijiji kama mtu aliyetoka mbali mno na hana uhakika kama atafunguliwa mlango. Dakika mbili kamili. Thenmozhi alikuwa nyuma ya kamera.

"Kata," alisema, na mfalme akaomba chai.

Filamu ilikuwa imekamilika. Na hapo hapo, akiwa bado amekumbatia kamera, Thenmozhi aliamua kwamba haitaishia gizani. Mwalimu aseme atakavyo. Mfu wake ataonekana akiinuka.

"Madamu, robo saa," alisema Dillibabu, ameshafungua sanduku. "Dereva huyu hangoji hata harusi yake."

"Nione mara moja tu. Kile kipande cha wimbo."

Alivaa visikilizio, akainamia kioo kidogo cha kamera. Pale palikuwa uwanja, mfalme chali, yeye mwenyewe amesimama na suruali ya vumbi na mstari mwekundu shavuni. Picha imetulia kama ukuta, jinsi Dillibabu alivyoiacha. Sauti yake ikaanza, ikakwama, ikaanza tena.

Katika ubeti wa tatu picha ikatikisika.

Thenmozhi alisogeza uso karibu. Picha ilitikisika, ikapinda kidogo, kisha ikaanza kwenda. Taratibu, kwa woga, kama mtu anayeshika kitu cha thamani asichokijua. Ilimwacha mfalme pale chini. Ilimwacha Ezhumalai na ngoma yake. Ilipanda hadi usoni pake yeye, ikakaa hapo, na haikuondoka tena, hata kinamama walipoitikia, hata mfalme alipoitwa.

"Dillibabu, ulirudi kuishika?"

"Mimi?" Dillibabu aliacha kufunga lenzi. Alipoangalia kile kioo, rangi ilimtoka. "Hiyo picha inatembea. Nani amegusa kamera yangu?"

Karibu na mwisho wa kipande, pembeni ya picha, kitu kikubwa chenye ukungu kiliingia mbele ya lenzi na kutoka. Thenmozhi alirudisha nyuma. Akasimamisha.

Kilikuwa kidole gumba. Kilichopinda, chenye grisi kwenye ukucha.

Alivua visikilizio polepole. Uwanjani, mzee Vedachalam alikuwa amekaa kwenye baraza, beseni mbele yake, anaosha ufalme usoni. Maji yalikuwa yamegeuka rangi zote.

"Babu," alisema Thenmozhi.  "Ulipofumbua macho, ulimwona nani?"

Vedachalam alijifuta uso kwa kitambaa, kwa utulivu wa mtu ambaye leo amekwisha kufa na kuinuka na hana haraka na lingine.

"Nilimwona mtu wa kiapo," alisema. "Alisema mpaka mfu ainuke. Alifika akasimama pale nje ya uwanja, hakanyagi, anasubiri. Nikaona nisimcheleweshe."

Kando ya ukuta, nyuma ya jiko, palikuwa na bajaji ya manjano yenye namba za Chennai. Thenmozhi hakujua aliwezaje kutoiona.

Basi lilipiga honi. Dillibabu alivuta kamera, naye Thenmozhi hakuiachia.

Alamelu alitokea mlangoni pa jikoni na kijiko cha wali mkononi. Kwa mara ya pili siku ile, alizungumza kwa sauti ya chini.

"Niliyempigia simu asubuhi yuko ndani anakula," alisema. "Na ameniuliza kusomea mtihani wa benki kunakwendaje."